Kibanda cha Nelion: Kimbilio la wapandaji Mlima Kenya

ALFAJIRI isiyo na mawingu, wakazi wa Mutuini na viunga vingine vya magharibi mwa Nairobi huweza kuuona Mlima Kenya, ulio umbali wa kilomita zipatazo 150, ukichomoza upande wa kaskazini mashariki. Wasichoweza kukiona ni kibanda kidogo cha mabati kilichosimama juu ya kilele cha Nelion, mita 5,188 kutoka usawa wa bahari.

Kibanda hicho, kijulikanacho kwa jina la Howell, kilijengwa mwaka wa 1970 na mpandaji milima Ian Howell. Vifaa viliangushwa kutoka angani kwenye barafu ya Lewis, chini ya mwamba. Kuanzia hapo Howell aliukwea mwamba huo mara 13, peke yake, akipandisha shehena hiyo kidogo kidogo hadi ikatimia. Kwa wapandaji wengi, kufika Nelion mara moja tu ni jambo la kusimuliwa maisha yote.

Haja ya kimbilio hilo ilikuwa dhahiri. Asubuhi mlimani huwa kweupe, lakini kufikia adhuhuri mawingu hupanda kutoka mabondeni, na theluji huweza kufuata. Kilele kikuu, Batian, huizidi Nelion kwa mita 11 pekee. Hata hivyo, kati yao pana pengo liitwalo Lango la Ukungu, na anayelivuka huenda asiwahi kurejea kabla ya giza. Kibandani hutoshea watu wachache, tena waliobanana, ila upepo hubaki nje.

Mwezi Septemba mwaka huo huo, daktari Mwaustria Gert Judmaier alianguka karibu na kilele cha Batian na kuvunjika mguu. Mwenzake, Oswald Oelz, alishuka kutafuta msaada. Uokoaji ulichukua zaidi ya wiki moja, na rubani Jim Hastings alifariki helikopta yake ilipoanguka. Hatimaye Judmaier aliteremshwa akiwa hai na waokoaji waliotoka Austria, wakisaidiana na wale wa Kenya.

Baadaye Waaustria walifadhili ujenzi wa kibanda kingine, mita 4,790 juu, chini ya kilele cha Lenana. Hicho hupokea hata wasafiri wasiojua kukwea kwa kamba. Kilijengwa kando ya barafu ya Lewis, ambayo tangu wakati huo imeyeyuka kwa kiasi kikubwa, ikaacha mawe matupu.