Mohamed Amin, Mpiga Picha wa Nairobi

Tarehe 5 Julai, 1969, siku ya Jumamosi, Tom Mboya alipigwa risasi mbele ya duka la dawa katika barabara ya Government Road, ambayo siku hizi yaitwa Moi Avenue. Habari zilipoenea mjini Nairobi watu walimiminika mahali pale wakilia na kusukumana. Miongoni mwao alikuwapo kijana wa miaka 25, Mohamed Amin, mwenye kamera ya sinema. Picha alizozipiga siku ile zilionyeshwa ng'ambo, naye akapewa tuzo ya mpiga picha bora wa mwaka nchini Uingereza.

Mohamed alizaliwa Nairobi mwaka 1943, katika mtaa wa Eastleigh, mwana wa mfanyakazi wa reli aliyetoka Punjab. Alisoma Dar es Salaam, na huko ndiko alikopata kamera yake ya kwanza, kamera kuukuu. Mwaka 1963 alianzisha kampuni yake, Camerapix, na Januari iliyofuata alipiga picha za mapinduzi ya Unguja. Miaka miwili baadaye alirudi kisiwani humo akapiga picha zisizotakiwa na wakuu, akatiwa gerezani karibu mwezi mzima, kisha akafukuzwa. Tangu hapo makao yake yakawa Nairobi.

Msomaji asidhani kwamba mpiga picha za habari ni mtu wa kubonyeza kitufe tu. Sehemu kubwa ya kazi yake ni kufika. Mwaka 1984 serikali ya Mengistu ilikuwa ikiadhimisha miaka kumi ya mapinduzi yake huko Ethiopia, wala haikupenda wageni waione njaa iliyokuwa ikiua watu upande wa kaskazini. Mohamed aliwajua maofisa wa Addis Ababa, akajua na mlango wa kubisha. Hivyo ndivyo yeye na Michael Buerk, mtangazaji wa BBC, walivyofika Korem mwezi wa Oktoba, wakakuta maelfu ya watu wamelala uwandani katika baridi ya alfajiri.

Picha hizo zilitangazwa London tarehe 23 Oktoba, kisha zikaonyeshwa na mamia ya vituo vya televisheni duniani. Fedha na chakula vilianza kutolewa. Wanamuziki wa Uingereza wakatoa wimbo wa kuchangisha, na tarehe 13 Julai, 1985, ikafanyika tamasha kubwa ya Live Aid, London na Philadelphia.

Wako waliolaumu, nao wana hoja. Picha ya mtoto anayekufa haimwelezi mtazamaji habari za vita vya Tigre na Eritrea, ambavyo viliizidisha njaa ile kuliko ukame peke yake. Tena iliwafanya wengi wa ng'ambo waione Afrika nzima kama ombaomba. Hata hivyo, kwa maoni yangu, lawama hiyo yawaangukia zaidi wale waliozionyesha picha pasipo kuzifafanua. Mpiga picha asingalikwenda Korem, wale watu wangalikufa vivyo hivyo, ila pasipo shahidi.

Kazi hiyo ilimtoza gharama kubwa. Mwezi wa Juni, 1991, ghala la silaha lililipuka Addis Ababa. Mnasa sauti wake, John Mathai, akafa, na Mohamed akakatwa mkono wa kushoto. Alitengenezewa mkono wa bandia, akarudi kazini.

Tarehe 23 Novemba, 1996, alikuwa akirejea Nairobi kutoka Addis Ababa wakati watu watatu walipoiteka ndege ya Ethiopian Airlines. Mafuta yalikwisha angani, na ndege ikaanguka baharini karibu na ufuo wa Ngazija. Kati ya watu 175 waliokuwamo walikufa 125, naye Mohamed, mwenye miaka 53, akawa mmoja wao. Walionusurika walisimulia kwamba katika saa ya mwisho alikuwa amesimama akisemezana na watekaji. Ajali yenyewe ilinaswa kwa kamera ya mtalii aliyekuwa ufuoni, na picha hizo nazo zikaonyeshwa dunia nzima.