Brazil 2001: Taifa lililobana umeme bila kuzimiwa taa

Msimu wa mvua wa mwaka 2001 ulipokwisha, mabwawa ya kusini-mashariki na kaskazini-mashariki mwa Brazil yalibaki na takriban theluthi moja ya ujazo wake. Nchi hiyo ilikuwa ikipata karibu asilimia 90 ya umeme wake kutokana na maji. Matumizi yalipanda kila mwaka, lakini ujenzi wa mitambo na njia za kusafirisha umeme ulisuasua. Mikoa ya kusini ilipata mvua ya kutosha, ila nyaya za kupeleka umeme wake kaskazini hazikumudu mzigo huo.

Mwezi Mei, serikali ya Rais Fernando Henrique Cardoso iliunda kamati ya dharura chini ya Pedro Parente. Badala ya kuzima mtaa mmoja baada ya mwingine, kamati ilimpa kila mteja wa maeneo yenye upungufu kiwango chake.

Kuanzia Juni, kaya nyingi zilitakiwa kupunguza asilimia 20 ya wastani wa matumizi yao ya Mei hadi Julai 2000. Familia iliyozoea uniti 300 kwa mwezi ikabaki na 240. Waliotumia uniti 100 au pungufu hawakulazimishwa kupunguza, na waliobana zaidi walilipwa bonasi. Watumiaji wakubwa walitozwa nyongeza, na aliyevuka kiwango aliweza kukatiwa umeme kwa siku kadhaa. Viwanda viliruhusiwa kuuziana uniti vilizookoa.

Majumbani, friza zilichomolewa na balbu za zamani zikapisha taa zinazobana umeme. Shawa ya umeme, inayochemshia maji palepale bombani, ilikuwa miongoni mwa vifaa vilivyokula uniti nyingi. Watu wakaoga upesi, na swichi yake wakaigeuza kutoka “majira ya baridi” kwenda “kiangazi” ili ivute umeme kidogo.

Mpango ulimalizika Februari 2002 bila nchi kuingia kwenye mgawo wa giza. Hata hivyo uchumi ulipunguza kasi, na wateja walitozwa baadaye kufidia mapato yaliyopotezwa na makampuni ya umeme. Aliyechelewa kujenga hakulipa peke yake.

Sisi wa Afrika Mashariki nasi tumeonja mgawo wa umeme unaoletwa na ukame. Brazil inatuonyesha kwamba wananchi hubana wakielezwa ukweli mapema, wakipewa kipimo kinachoeleweka na wakiona mnyonge amelindwa. Serikali inayodai nidhamu hiyo kwa raia inawajibika kujenga mitambo ya umeme kabla mabwawa hayajakauka.