Kioo Kionyeshacho Zama Zilizopita

Katika hadithi za mataifa mengi mna kioo cha ajabu ambacho mwenye kukishika huona mambo yaliyopita na yale yasiyotokea bado. Wanafunzi wetu hukutana nacho vitabuni na katika filamu, kisha hutuuliza kama kipo. Swali hili lastahili jibu, wala si kicheko.

Lugha yetu yenyewe yatupa mahali pa kuanzia. Kutazama ni kuelekeza macho. Kutazamia ni kutarajia, na vile vile ni kupiga ramli. Zatofautiana kwa silabi moja tu, lakini binadamu ametumia karne nyingi kutoka katika kioo cha kutazamia hadi kufikia kioo cha kutazama.

Waazteki wa Mexico walimwabudu mungu aitwaye Tezcatlipoca, yaani Kioo Kitoacho Moshi, na vioo vyao vya jiwe jeusi la volkano vilitumiwa katika kutazamia. Baada ya Wahispania kuuteka mji wao mkuu mwaka 1521, baadhi ya vioo hivyo vilipelekwa Ulaya. Kimoja kimo katika Jumba la Makumbusho la Uingereza mjini London, nacho husemwa kuwa kilikuwa mali ya John Dee, mwanachuoni aliyemshauri Malkia Elizabeth wa Kwanza na aliyetafuta kusema na malaika kwa njia ya vioo. Uchunguzi uliochapishwa mwaka 2021 ulionyesha kwamba jiwe lake lilitoka Pachuca, Mexico. Basi kioo kilichotakiwa kufumbua siri za ghaibu kimetueleza jambo moja la hakika, nalo ni asili yake chenyewe.

Njia ya pili ilianza kwa kazi ya mikono. Mwaka 1668 Isaac Newton alitengeneza darubini yenye kioo kidogo cha madini, kilichokusanya nuru ya nyota. Mwaka 1676 Ole Rømer, kwa kuchunguza mwezi mmoja wa sayari ya Mshtarii, alionyesha kwamba nuru haifiki papo hapo, bali husafiri. Leo twajua kwamba huenda karibu kilomita 300,000 kila sekunde, na kwamba ile ya jua hutufikia baada ya dakika 8 hivi. Kwa hiyo jua tulionalo ni lile la dakika 8 zilizopita.

Aliyeunganisha mambo haya mawili ni William Herschel, aliyeigundua sayari ya Uranus mwaka 1781 kwa kioo alichokisugua mwenyewe. Yasimuliwa kwamba safari moja hakuinua mikono juu ya kioo kwa muda wa saa 16, hata dada yake Caroline akawa anamlisha tonge kwa tonge. Mwaka 1802 Herschel aliandika kwamba darubini ipenyayo mbali angani hupenya pia katika wakati uliopita. Hapo ndipo kioo cha hadithi kilipopata ukweli wake.

Tangu hapo vioo vimekua. Huko Sutherland, Afrika Kusini, darubini iliyozinduliwa mwaka 2005 ina kioo kilichoungwa kwa vipande 91. Darubini ya James Webb, iliyorushwa tarehe 25 Desemba 2021, ina vipande 18 vilivyopakwa dhahabu, na upana wake ni meta 6.5. Hupokea nuru iliyosafiri zaidi ya miaka bilioni 13, kabla dunia yetu haijaumbwa.

Hata hivyo vioo hivi vina mpaka. Havionyeshi kesho hata kidogo, na jana vinayoionyesha ni ya mambo ya mbali, si yetu sisi. Nuru iliyoimulika bendera ya Uganda pale Kololo, usiku wa kuamkia tarehe 9 Oktoba 1962, iliondoka duniani usiku ule ule. Ingali safarini kati ya nyota, wala hakuna chombo kiwezacho kuifukuza na kuirudisha, kwa sababu hakuna kiendacho upesi kuliko nuru.

Hili ndilo jibu tunalowapa wanafunzi, na ndani yake mna wajibu wetu walimu. Jana ya nyota itaendelea kufika kila usiku, hata tusipojishughulisha nayo. Jana yetu wenyewe imo katika vinywa vya wazee waliokuwapo, na kila mwaka wanapungua. Tuwatume vijana wakawaulize sasa: ni nani aliyekuwa chifu, soko lilikuwa wapi, nyimbo gani ziliimbwa usiku ule wa uhuru. Wayaandike majibu kwa Kiswahili fasaha, na kila shule iyahifadhi. Mzee akishaondoka, hakuna kioo kitakachotuonyesha aliyoyaona.