Vita vya DLL: Windows 95 ilivyowachezea shere wakaidi

Windows ilitimiza miaka 40 tarehe 20 Novemba 2025. Maadhimisho ya namna hii huwakumbuka Bill Gates, kitufe cha Start na ule mlio wa kuwasha kompyuta. Faili zenye mkia wa .dll hazina wa kuzisemea, ingawa maktaba za aina hiyo zimo tangu toleo la kwanza, na bila hizo dirisha lisingefunguka.

Toleo lile la 1985 lilitakiwa kufanya kazi kwenye kompyuta yenye memori ya kilobaiti 256. Picha moja ya simu ya leo inaizidi mara nyingi. Kwa ufinyu huo haikuwezekana kila programu ije na maelekezo yake ya kuchora dirisha, kuandika herufi na kufuata kipanya. Kazi hizo zikawekwa kwenye maktaba za pamoja, ndizo DLL: programu inaita inachokihitaji, na programu tatu zikifunguliwa kwa mpigo, zote zinatumia nakala ile ile iliyomo kwenye memori. Ni mtindo wa masufuria makubwa ya kikundi cha kina mama, mwenye shughuli anaazima na hakuna sababu ya kila nyumba kununua yake. Microsoft hawakulibuni wazo hilo. Mfumo wa Multics, uliotengenezwa na MIT, General Electric na Bell Labs katika miaka ya 1960, ulikwisha kulitumia.

Windows 3.0 ikatoka 1990, 3.1 ikafuata 1992, na programu zikamiminika. Hapo ndipo mambo yalipoharibika. Chukua Visual Basic 3.0 ya mwaka 1993. Aliyeandika programu yake kwa lugha hiyo alilazimika kuambatanisha VBRUN300.DLL, faili ya karibu kilobaiti 400, na kila mwenye diski yake alikuja na nakala yake. Zilivyokuwa nyingi faili za aina hii, na kila kisakinishi kinazitupia kwenye folda moja, C:\WINDOWS\SYSTEM!

Kanuni ilikuwepo: soma kwanza namba ya toleo, na ukikuta lililopo ni jipya kuliko la kwako, liache. Wengi hawakujisumbua. Unamwekea mtoto mchezo Jumamosi, Jumatatu programu ya mahesabu inagoma, na nani angehusisha mambo hayo mawili? Mchezo umeshusha toleo la faili ambayo programu ya mahesabu iliitegemea. Wamarekani wakalipa balaa hilo jina la jehanamu ya DLL.

Kisa kinachonoga kuliko vyote ni cha Windows 95. Anayekisimulia ni Raymond Chen, mhandisi wa Microsoft aliyeifanyia kazi Windows hiyo, na ambaye tangu 2003 amekuwa akiandika kumbukumbu za yaliyotokea nyuma ya pazia. Ilijaribiwa kwanza njia ya nguvu: kisakinishi kikitaka kuweka toleo la zamani juu ya jipya, kikataliwe. Visakinishi vikasusa, vikatangaza kwamba usakinishaji umeshindikana. Mteja aliyelipa pesa zake akabaki mikono mitupu, na lawama zote zikaangukia Windows. Kuna vilivyokuwa na ukaidi zaidi: vilipanga kuibadilisha faili wakati kompyuta inawashwa upya, kabla Windows haijaamka.

Basi wahandisi wakaacha ugomvi, wakatumia hila. Ndani ya folda ya Windows wakaficha folda nyingine, SYSBCKUP, na humo wakatunza nakala za faili ambazo zilikuwa zinaharibiwa mara kwa mara. Kisakinishi kikija kinaachwa kifanye kitakavyo, kiamini kimeshinda. Kikishamaliza, Windows inapita nyuma yake kimyakimya na kulinganisha. Faili iliyoletwa ikiwa mpya kuliko ya akiba, nayo inanakiliwa kwenye akiba. Ikiwa ya zamani, inafutwa na ile nzuri inarudishwa mahali pake. Mteja hajui lolote, programu yake inafunguka.

Chen, kama mtu yeyote anayeitetea nyumba yake, anawatupia mzigo waandishi wa visakinishi, na kwa kiasi kikubwa yuko sawa. Lakini Microsoft nayo haikuwa malaika. Internet Explorer 4 ya mwaka 1997 ilikuja na kuweka toleo jipya juu ya lililokuwepo la COMCTL32.DLL, faili inayochora vitufe na orodha za programu chungu nzima, hata zisizohusiana na intaneti.

Januari 2000 Rick Anderson wa Microsoft aliandika makala ya kutangaza mwisho wa jehanamu hiyo. Windows 2000, iliyotoka mwezi uliofuata, ilizilinda faili zake yenyewe, na XP ya 2001 ikaruhusu matoleo kadhaa ya faili moja yakae pamoja kwenye folda ya WinSxS. Vita vikapoa.

Kilichobaki siku hizi ni ule ujumbe kwamba programu haiwezi kuanza kwa sababu MSVCP140.dll haipo. Na hapa mafundi wetu wananikera. Mmoja anaipakua faili hiyo peke yake kutoka tovuti asiyoijua, anaitumbukiza System32, na huenda ameikaribisha na virusi juu. Mwingine anapiga Windows upya, na picha za mteja zinapotea. Faili hiyo ni sehemu ya kifurushi cha Visual C++ ambacho Microsoft wenyewe wanakitoa bure. Kisakinishe, tena cha biti 32 na cha biti 64, kwa kuwa kompyuta ya biti 64 huendesha programu za aina zote mbili. Anayepekua folda mwenyewe atakutana na kioja: kwenye kompyuta hizo, System32 ndiyo yenye faili za biti 64, na za biti 32 zimo kwenye SysWOW64. Majina ya zamani yaliachwa yalivyo ili programu zisivunjike.

Ikiwa kilichoharibika ni faili ya Windows yenyewe, fungua dirisha la amri kwa haki za msimamizi na uandike sfc /scannow. Itakagua faili za mfumo moja baada ya nyingine, na mbovu itabadilishwa kwa nakala iliyotunzwa humo humo ndani ya kompyuta.