Mwimbaji wa Ng'ambo ya Mpaka

Msomaji, ukiifungua ramani ya Afrika Mashariki utauona mstari ulionyoka, unaoanzia Ziwa Viktoria na kushuka kuelekea Kilimanjaro. Waingereza na Wajerumani waliupatana mwaka 1886, wala hakuna mwenyeji aliyeulizwa. Wajaluo wa Homa Bay na Migori wakaachwa upande mmoja, na ndugu zao wa Shirati upande wa pili. Ujapokuwa umezaliwa Migori na umeyazoea malori ya Isebania, huenda hujapata kujiuliza mstari huo ulikuwa na maana gani kwa mtu wa gitaa.

Daniel Owino Misiani alizaliwa mwaka 1940 katika kijiji cha Nyamagongo, Shirati, nchi iliyokuwa ikiitwa Tanganyika. Wazazi wake walikuwa waimbaji, lakini walikuwa watu wa dini, na gitaa walilihesabu kuwa chombo cha anasa. Magitaa yake ya kwanza yalivunjwa nyumbani. Kijana hakukoma. Katika miaka ya 1960 alivuka kuingia Kenya, kwa kuwa studio za kurekodi na wanunuzi wa santuri walikuwa huko, akaunda bendi iliyobadilisha jina mara kadhaa kabla ya kujulikana kote kwa jina la Shirati Jazz. Angalia jina hilo: bendi ilikuwa Kenya, na jina lake ni la kwao ng'ambo.

Muziki aliopiga waitwa benga, nao hauwezi kueleweka bila ya nyatiti. Nyatiti ni zeze la Wajaluo lenye nyuzi nane. Mpigaji huketi chini, amevaa pete ya chuma katika kidole cha mguu, na kwa pete hiyo hugonga mbao ili kutia mapigo. Basi mtu mmoja huwa mwimbaji, mpiga nyuzi na mpiga ngoma kwa pamoja. Wapiga gitaa wa benga waliuchukua mwendo ule wa nyuzi, wa haraka na wa kurudiarudia, wakautia katika gitaa la umeme. Wimbo huanza kwa maneno; kisha maneno hunyamaza, magitaa yakajibizana mpaka wachezaji wakatoka jasho.

Lakini mpiga nyatiti hakuwa mtumbuizaji tu. Katika nchi kama Kanyamwa ya Homa Bay, alikotoka mganga mashuhuri Gor Mahia, yeye ndiye aliyehifadhi nasaba na habari za mashujaa, na ndiye aliyekuwa na ruhusa ya kumsifu mkarimu na kumwaibisha bahili mbele ya wageni. Mimi naona kwamba hapa ndipo Misiani alipowapita wenzake. Wapo waliopiga gitaa vizuri kama yeye. Yeye aliichukua pia ile kazi ya pili. Alitunga, akaimba, akapiga gitaa na kuongoza bendi, na zaidi ya hayo akasimulia mambo ya kale na ya Biblia, akiwafumba wakubwa wa siku zake ndani ya visa vya wanyama. Watanzania wakamwita Mfalme wa Historia. Wakenya wakamwita Babu wa Benga.

Serikali hazipendi mafumbo zinazoyaelewa. Misiani alitiwa mbaroni zaidi ya mara moja, na ndipo ule mstari wa 1886 ulipokumbukwa: alitishiwa kurudishwa Tanzania kama mgeni. Fikiri, msomaji. Watu waliokuwa wakicheza nyimbo zake Migori walizielewa kila neno bila ya mkalimani, naye akaambiwa kwamba si wa kwao.

Vitisho havikumnyamazisha. Santuri za benga zilifika mbali, hata Zimbabwe, ambako wapiga gitaa waliuiga mwendo wake katika muziki wao wa sungura, ingawa maneno ya Kijaluo hawakuyajua. Tarehe 17 Mei 2006, akiwa na umri wa miaka 66, Misiani alifariki katika ajali ya barabarani huko Kisumu. Mwaka 2010 baadhi ya nyimbo zake za miaka ya 1970 zilikusanywa na kutolewa London, na juu ya jalada likaandikwa lile jina alilopewa na Watanzania.