Wafugaji Waliposikika Wenyewe

Mwaka 1935, huko Vugiri katika milima ya Usambara, mradi mmoja wa kikoloni ulianza kupiga filamu za kuwafundisha Waafrika kilimo, afya na kuweka akiba. Kufikia 1937 ulikuwa umetoa filamu 35. Waigizaji walikuwa Waafrika, lakini maneno yalitoka kwenye sahani za santuri zilizopigwa kwa kipaza sauti huku picha zikipita. Aliyeonekana siye aliyesema.

Desturi hiyo ya kusemewa iliendelea kwa miongo mingi. Ndiyo maana kazi ya David na Judith MacDougall, mume na mke kutoka Marekani, ina uzito katika historia ya filamu za hali halisi Afrika Mashariki. Mwaka 1968, wakiwa na mafunzo ya filamu ya Chuo Kikuu cha California, Los Angeles, walikwenda kuishi na Wajie wa Karamoja, Uganda. David alibeba kamera ya milimita 16. Judith alinasa sauti. Vifaa vyepesi vya namna hiyo vilikuwa vimekwisha zoeleka Ulaya na Marekani. Jipya lilikuwa uamuzi wao: sauti za wafugaji ziachwe kama zilivyo, na tafsiri iandikwe chini ya picha.

Tunda lake ni *To Live with Herds*, filamu ya rangi nyeupe na nyeusi iliyoshinda tuzo Venice mwaka 1972. Mapema ndani yake mwenye boma anaionyesha kamera nchi ya Wajie ilivyokaa na majirani wao walipo. Hakuna ramani wala profesa. Mwenyeji ndiye anayemwongoza mgeni. Baadaye tunaona serikali changa ikiwataka watu haohao wabadilike, na baada ya kuwasikia wakizungumza, ni vigumu kuwaona kama tatizo la maendeleo tu.

Mwaka 1973 na 1974 akina MacDougall walikuwa Turkana, Kenya, na huko walipata filamu tatu. Bora kuliko zote, kwangu, ni *The Wedding Camels*. Mzee Lorang anamwoza binti yake, na pande mbili zinavutana juu ya mahari: ngamia wangapi, ng'ombe wangapi, nani apate nini. Mvutano unarefuka, hasira zinapanda, na mtazamaji hapewi msimulizi wa kumwambia nani ana haki. Inambidi asikilize, kama mgeni yeyote barazani.

David mwenyewe hakuridhika. Katika insha ya 1975 alihoji mtindo wa kupiga picha kimyakimya kana kwamba mpigaji hayupo. Alitaka wanaopigwa picha wawe na mkono katika filamu yenyewe.

Lipo bado deni. Manukuu yale yaliandikwa kwa Kiingereza, yakamfaa mtazamaji wa London na Los Angeles. Filamu hizi zinastahili manukuu ya Kiswahili, na zionyeshwe Lodwar huko Turkana na Kotido huko Karamoja, mbele ya wajukuu wa waliozungumza ndani yake.