Wimbo Usio na Mpigaji

Katika nchi ya Wanande, mashariki mwa Kongo, toka Beni hadi Butembo na Lubero, kuna wimbo unaosikika ingawa hakuna mtu mmoja anayeupiga. Katika kundi la filimbi liitwalo eluma, kila filimbi hutoa sauti moja tu. Mpulizaji hungoja zamu yake, hupuliza, hunyamaza, mwenzake hudaka. Mwombe mmoja wao akupigie wimbo peke yake: hana wimbo, ana sauti moja.

Endara huzidisha fumbo. Ni marimba ya vipande vya mti vilivyolazwa juu ya vigogo vya migomba, na watu kadhaa huipiga kwa pamoja. Mikono ikipishana kwa kasi, sikio huokota sauti za juu, huzitenga na za chini, na kuzifuma kuwa wimbo ambao haumo mkononi mwa mpigaji yeyote. Mtafiti wa muziki Gerhard Kubik wa Austria aliieleza hali hiyo mwaka 1962, akianzia na marimba za Uganda. Miaka 10 kabla, mtafiti mwingine, Hugh Tracey, alikuwa amerekodi muziki wa Wanande.

Wakonzo wa Uganda, ng'ambo ya milima ya Ruwenzori, wanazo endara na eluma hizo hizo. Ukizikuta zikipigwa, simama mbali kidogo. Ukikaribia mno utasikia vipande vya mti tu.